Juliet Hamtafuti Romeo: Maana na Asili ya 'Wherefore'

Msichana amesimama dirishani usiku. Chini kuna bustani na giza. Anataja jina la kijana waliyekutana karamuni saa chache zilizopita, kisha anauliza: "wherefore art thou Romeo?" Ukiliona tukio hili la tamthilia ya Shakespeare, Romeo na Juliet, likifanyiwa mzaha, iwe kwenye jukwaa la shule au kwenye video ya dakika moja, msichana huyo ataweka kiganja juu ya macho na kuchungulia huku na huku kama mtu aliyepotelewa na mbuzi magharibi. Watu wanacheka. Na wengi wanaondoka wakiamini kwamba Juliet alikuwa akiuliza, "Romeo, uko wapi?"

Hakuuliza hivyo. "Wherefore" maana yake ni "kwa nini". Juliet hajui kabisa kwamba Romeo yuko hapo chini. Kijana ameruka ukuta, amejibanza gizani, na anajiuliza kimoyomoyo aendelee kusikiliza au aseme. Tena mstari unaofuata unamaliza ubishi: Juliet anamwambia huyo Romeo wa mawazoni mwake amkane baba yake na alikatae jina lake. Anayeuliza "uko wapi" hana sababu ya kuingiza habari za baba na ukoo. Anayeuliza "kwa nini wewe ni Romeo", yaani kwa nini katika vijana wote wa Verona uwe wewe mtoto wa nyumba ya Montague, nyumba ambayo sisi wa Capulet hatupikiki nayo chungu kimoja, huyo lazima atafika kwa baba na kwa jina.

Hata koma ina neno lake hapa. Sentensi ya Juliet haina koma kabla ya lile "Romeo" la mwisho. Ukiitia, "Romeo" linageuka mwito, na ghafla inasikika kama anaitwa mtu aliyepotea. Kiswahili cha zamani kinaionyesha tofauti hiyo vizuri kwa sababu nacho kina kitenzi kifupi cha kuwa: "Mbona u Romeo?" si sawa na "U wapi, Romeo?" Hiyo "u" ya "u nani?" na ya "u hali gani?" ndiyo "art thou" ya Kiingereza cha karne ya 16, nafsi ya pili umoja, mtu mmoja unayemwambia ana kwa ana. Kiingereza cha leo kimeipoteza. "You" ni wewe na ni ninyi, ujue mwenyewe.

Nitoke nje ya njia kidogo. Tamthilia hiyo ilichapwa mara ya kwanza mwaka 1597, na ndani yake neno la Kiingereza la roshani halimo kabisa. Shakespeare ametaja dirisha tu. Roshani tumejengewa na waigizaji wa baadaye. Jambo la pili linawakera wasomaji makini: kama ugomvi ni wa koo mbili, basi jina lenye balaa ni Montague, si Romeo. Mbona basi Juliet analigombeza jina lisilo na kosa? Wapo wanaosema mwandishi aliteleza. Mimi nadhani hakuteleza. Aliyependa usiku huohuo analo jina moja tu mdomoni, na akitaka kulaumu dunia atalaumu kwa hilohilo.

Turudi kwenye neno. Wanaosahihisha wenzao kuhusu mstari huu huishia kusema "maana yake ni kwa nini, si wapi", wakaondoka zao wameshinda. Lakini aliyekosea hakukosea kwa ujinga. Ameona "where" kwa macho yake, na "where" ni "wapi". Kama hapaulizwi mahali, hiyo "where" inafanya nini humo ndani?

Mahali pakageuka kuwa jambo

Neno lina vipande viwili, "where" na "for", na limekuwamo katika maandishi ya Kiingereza tangu mnamo mwaka 1200. "For" ni "kwa" ile ya sababu na makusudio. Ukiviunganisha kama vilivyo unapata kitu kama "wapi-kwa", ambacho hakina kichwa wala miguu mpaka uijue desturi ya zamani ya lugha za ukoo wa Kiingereza: Kijerumani, Kiholanzi, Kideni, Kiswidi na wenzao.

Lugha hizo zilikuwa na mwiko fulani, na nyingine bado zinao. Ukizungumzia mtu, unasema "naye", "kwake", kama kawaida. Ukizungumzia kitu au jambo, huweki kiwakilishi baada ya kihusishi, yaani neno kama "kwa". Unachukua neno la mahali, unalitanguliza, unaligandisha na kihusishi. Mjerumani aliyekwenda sokoni na rafiki yake anasema "mit ihm", pamoja naye. Akikata mkate kwa kisu, hasemi "kwa hicho". Anasema "damit", neno ambalo kwa vipande vyake ni "hapo" na "kwa". Akiuliza "kwa kitu gani?" anasema "womit", yaani "wapi" na "kwa". Hakuna Mjerumani anayefikiri kisu ni mahali. Neno la mahali limeazimwa tu lisimame badala ya kitu.

Kiingereza cha kale kilifanya hivyohivyo, na ndipo likazaliwa kundi zima: "hereby", "herein", "thereof", "thereupon", "whereby", "wherein", "wherewith". Katika yote haya "here" ni "hiki", "there" ni "hicho", na "where" ni "nini" au "ambacho". Kwa hiyo "therefore" ni "kwa hicho", yaani kwa hiyo. Na "wherefore" ni "kwa nini". Sitii chumvi: vipande vya "kwa hiyo" na "kwa nini" vinakaa juu ya "therefore" na "wherefore" kama kifuniko juu ya sufuria yake.

Pengine ukumbusho mzuri kuliko wote uko kaskazini ya Ulaya. Mtoto wa Copenhagen au Oslo akitaka kujua kwa nini alale mapema, anasema "hvorfor". Wa Stockholm anasema "varför". Hayo ni "where" na "for" waziwazi, kipande kwa kipande, na hakuna anayeyaona kuwa ya kizamani. Neno ambalo London limebaki kwa mawakili na waigizaji, Stockholm ni chai na mkate.

Sasa, mahali panawezaje kugeuka kuwa jambo? Msemaji wa Kiswahili ndiye mtu wa mwisho kustahili kushangaa. Mwenzako akitoa hoja nzuri unamwambia "hapo umenena". Hapo wapi? Hamkuwa mnazungumzia mahali popote. "Hapo" ni ile hoja. Unasimulia ugomvi: "Akaanza kumtaja mama yangu, hapo ndipo nilipoinuka." Kile "po" ambacho katika "alipo" kinaonyesha mahali, katika "nilipofika" kimekuwa wakati, na katika "ndipo" kinakaribia kuwa sababu. Tumehama kutoka mahali kwenda wakati, kutoka wakati kwenda sababu, bila hata kubadilisha viatu.

Kuna lililofichika zaidi, na mimi mwenyewe lilinishika shati nilipoanza kulifuatilia. Itazame "kwa" ya "kwa nini". Tunasema nyumbani pa Asha, nyumbani kwa Asha, nyumbani mwa Asha. Hizo ni ngeli za mahali, pa, ku na mu, kila moja ikiunganishwa na "a" ya umilikaji: "pa", "kwa" (ku na a), "mwa". "Kwa" ni neno la mahali kwa kuzaliwa. "Naenda kwa Asha" bado inanukia mahali. "Amekata kwa kisu" hainukii tena, "amesema kwa hasira" ndiyo kabisa, na tukifika "kwa nini" harufu imekwisha. Hakuna anayesikia mahali ndani ya "kwa nini", kama ambavyo Juliet hakusikia mahali ndani ya "wherefore". Jirani zetu wa Rwanda na Burundi wanasema "kuki", na humo mna "ku" hiyohiyo ya mahali pamoja na "ki" ya kuulizia kitu.

Wengine walifika palepale bila kupitia mahali. Mfaransa anasema "pourquoi", kwa na nini, neno ambalo ndugu zetu wa Kongo hawahitaji kufundishwa. Mwarabu anasema "limadha", li na madha, na kwenye mazungumzo ya Ghuba utasikia "lesh", neno jingine ambalo asili yake ni "kwa kitu gani". Binadamu akitafuta sababu, inaonekana hana njia nyingi: anashika neno la "nini" na kulisukumia kihusishi kimoja.

Na "why" je?

Watu hufikiri "why" ni neno zima lisilo na viungo. Nalo lina habari. Kiingereza cha kale kilikuwa kikibadilisha umbo la jina na kiwakilishi kulingana na kazi yake katika sentensi, kama Kijerumani cha leo na zaidi. "What", wakati huo likiandikwa "hwæt", lilikuwa na umbo maalumu la kuonyesha chombo au njia: "kwa kitu gani", "kwa nini". Umbo hilo lilikuwa "hwȳ". Ndiyo "why". Kwa maneno mengine, "why" na "wherefore" ni swali lilelile lililojengwa mara mbili, mara ya kwanza kwa kupinda neno, mara ya pili kwa kuunga vipande baada ya upindaji huo kufifia.

Wawili wenye kazi moja hawakai nyumba moja muda mrefu. "Why" ni silabi moja, likashika mazungumzo ya kila siku. Halafu Kiingereza kikaota tabia nyingine, ya kuacha kihusishi nyuma kabisa ya sentensi, na hapo likazuka "what for?" Liangalie vizuri: ni "wherefore" lililogeuzwa kama nguo, ndani nje, mbele nyuma, na "what" likirudi kwenye kiti ambacho "where" lilikalia kwa niaba yake. Kati ya "why" upande mmoja na "what for" upande wa pili, "wherefore" likakosa pa kusimama.

Ndugu zake wengine walipata riziki kwingineko. "Wherewithal" liliacha kabisa kuwa kielezi, likawa jina lenye maana ya fedha au uwezo wa kufanyia jambo. "Whereabouts" ni mahali kwelikweli, mpaka leo polisi wakitafuta mtu. Na "whereby", ambalo kwa Waingereza wengi ni neno la vitabuni, limepata maisha ya pili kwetu: kaa kwenye semina yoyote ya Nairobi au Dar es Salaam uhesabu utakavyosikia "a situation whereby". Nadhani tunaipenda kwa sababu inaishika nafasi ya "ambapo", nayo "ambapo" siku hizi tumeitwisha mizigo isiyo yake. Ajali imetokea Morogoro ambapo dereva amekimbia ambapo polisi wanamsaka. Hapo hakuna mahali hata pamoja.

Swali likawa jibu

Mpaka sasa nimeizungumzia "wherefore" kama swali tu, na hapo ndipo ufafanuzi mwingi unapoishia. Lakini lina kazi ya pili, na ukiisahau utasoma Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611 ukachanganyikiwa.

Chukua Injili ya Mathayo peke yake. Sura ya 14, Petro anazama ziwani, Yesu anamshika mkono na kumwambia, kwa Kiingereza hicho cha 1611, "wherefore didst thou doubt?" Katika Biblia ya Kiswahili ya Union tunasoma: "mbona uliona shaka?" Swali. Rudi sura ya 7, penye manabii wa uongo na miti na matunda. Mstari wa 20 unaanza na neno lilelile, "Wherefore", ila Kiswahili kinasema: "Ndiposa kwa matunda yao mtawatambua." Hapo hakuna swali. Ni hitimisho, ni "kwa hiyo".

Neno moja la Kiingereza, na wafasiri wameliandika "mbona" pale na "ndiposa" huku, wakapatia mara zote mbili. (Na hilo "ndiposa" lenyewe lina umri wake. Watanzania wengi watalikuta kanisani tu. Mtangazaji wa Kenya atalitumia kwenye taarifa ya saa moja bila kuona ajabu. Neno la kizamani linategemea umesimama upande gani wa mpaka.)

Katikati ya kazi hizo mbili kuna ya tatu, iliyo daraja. Matendo sura ya 10, Petro anawauliza wageni wake "the cause wherefore" wamekuja. Si swali peke yake wala hitimisho. Ni kirejeshi: "sababu ambayo kwayo mmekuja". Kutoka hapo ni hatua moja tu. Ukishataja sababu halafu ukasema "ambayo kwayo nafanya hivi", umeshafika "na kwa hiyo nafanya hivi". Swali likawa kirejeshi, kirejeshi kikawa kiunganishi.

Anayeona safari hiyo ni ya kigeni aitazame "kwani". Ndani yake mna "kwa" na "ni", ile "ni" fupi ya "nini" ambayo watu wa pwani na washairi bado wanaibandika mwishoni mwa kitenzi: "wasemani?", "watakani?" Kwa hiyo "kwani" ni "kwa nini" iliyokatwa mkia. Na bado inauliza: "Kwani umemwona wapi?" Lakini tazama: "Sikuja, kwani nilikuwa naumwa." Hapo haiulizi kitu. Inajibu. Swali limepita upande wa pili wa meza likakaa kiti cha jibu, na sisi tunalitumia kote kuwili siku hiyohiyo bila kujikwaa.

Waingereza walikuwa na "kwani" yao, "for why", ambayo nayo ilianza kama "kwa nini" ikaishia kuwa "kwa sababu". Imebaki kwenye Zaburi ya 100 ya kuimbwa, iliyotungwa na William Kethe na kuchapwa mwaka 1561. Ubeti mmoja unasema "For why the Lord our God is good", yaani "kwani Bwana Mungu wetu ni mwema". Matumizi hayo yalipokufa, wachapaji hawakulielewa tena neno, wakalitia alama ya kuuliza baada ya "why". Makutaniko yakawa yanauliza swali katikati ya wimbo wa shukrani.

Shakespeare naye alizichezea kazi hizi mbili. Katika tamthilia yake ya vichekesho vya mapacha mtumwa mmoja, baada ya kupigwa na bwana wake, anasema kwamba "every why hath a wherefore". Kwa Kiswahili naisikia hivi: kila "kwa nini" ina "kwa hiyo" yake. Utani unaingia kwa sababu maneno mawili yaliyokuwa mamoja yameshagawana kazi. "Why" limechukua kuuliza, "wherefore" limechukua sababu yenyewe. Msemo wa leo wa Kiingereza, "the whys and wherefores", kwa maana ya undani wote wa jambo, ni kumbukumbu ya mgawanyo huo.

"Kwa nini", "ya nini", au "mbona"?

Basi mstari wa Juliet tuuweke vipi kwa Kiswahili? "Uko wapi, Romeo?" tumeshaufukuza. "Kwa nini wewe ni Romeo?" ni sahihi kwa vipande, lakini sikio linakataa. Inasikika kama swali la karani anayejaza fomu na anayesubiri jibu. "Kwa nini" inataka sababu, na Juliet hataki sababu, anaijua. Baba yake Romeo ni Montague, kwisha.

"Ya nini kuwa Romeo?" inakaribia. "Ya nini" ina uchungu na ina kupuuza ndani yake, ni ile ya "ya nini kuandikia mate na wino ungalipo", na inaitendea haki "for" ya makusudio: kwa faida gani, ili iwe nini. Lakini inamlaumu Romeo kana kwamba alichagua.

Naiona "mbona" ndiyo yenyewe. Linganisha "kwa nini umechelewa?" na "mbona umechelewa?" Ya kwanza yaweza kuwa udadisi mtupu. Ya pili inasema: nilitarajia vingine, na hiki ninachokiona hakikubaliani na nilichotarajia. "Mbona" huanza pale dunia inapokwenda kinyume na matumaini ya msemaji. Wakati mwingine haiulizi kabisa: "Mbona Juma yupo!" ni kumkatalia mtu aliyesema hayupo. Ndiyo maana kilio cha msalabani katika Biblia ya Kiswahili ni "Mungu wangu, Mungu wangu, mbona umeniacha?" Weka "kwa nini" mahali pake uone jinsi maumivu yanavyopungua yakabaki mahojiano. Kiingereza cha 1611 kilitumia "why" palepale, kwa sababu hakikuwa na "mbona". Sauti ya msomaji ndiyo iliyopaswa kuleta tofauti.

Kwa hiyo, kama ningepewa kazi hiyo, ningeandika: "Ee Romeo, Romeo, mbona ukawa Romeo?" Hiyo "ka" ya "ukawa" inaitupia lawama bahati, mambo yalivyofuatana mpaka yakafika hapa, si mtu. Mwalimu Nyerere, aliyetafsiri tamthilia mbili za Shakespeare, ile ya Kaizari na ile ya mabepari wa Venisi, hakuifikia hii ya Verona. Ile ya Kaizari, kwa njia, inayo "wherefore" katika onyesho la kwanza kabisa: Marullus anawakuta mafundi na watu wa mitaani Roma wakisherehekea badala ya kufanya kazi, anawauliza "Wherefore rejoice?" Nako si kuomba taarifa. Ni kukaripia. Nako "mbona" ingekaa.

Wapi, wapi na wapi

Niliahidi kimoyomoyo kutogusa "whence" na "whither", lakini watu huyachanganya na "wherefore" na kuyatupa yote kapu moja, kwa hiyo kwa ufupi: hayo mawili ni ya mahali kwelikweli. "Whither" ni kwenda wapi, "whence" ni kutoka wapi, na "where" ilibaki kuwa kukaa wapi. Zaburi ya 121 ya Kiingereza ina "from whence cometh my help", na kwa zamani wapo waliolalamika kwamba "from" imezidi, maana "whence" tayari ina "kutoka". Kiswahili kinasema "Msaada wangu utatoka wapi?" na hakuna anayelalamika, kwa sababu kwetu mwelekeo unabebwa na kitenzi: watoka wapi, waenda wapi, wakaa wapi. Kiingereza nacho kiliishia kuona hivyo, kikayaachia maneno hayo mawili yaende.

Mahali ambapo "wherefore" haijaondoka, na ambapo msomaji wa Afrika Mashariki anaweza kuigusa kwa mkono, ni mahakamani. Hati ya madai iliyoandikwa kwa Kiingereza Tanzania hueleza aya kwa aya nani alimfanyia nini nani, kisha mwishoni, kwa herufi kubwa: "WHEREFORE the plaintiff prays". Kenya utakutana na "REASONS WHEREFORE the plaintiff prays". Ya Tanzania ni ile ya hitimisho, ile ya "ndiposa": kwa hayo yote, mdai anaomba. Ya Kenya ni ile ya kirejeshi, ya daraja: sababu ambazo kwazo mdai anaomba. Mikataba ina ndugu zake wengine. "In witness whereof" ni "kwa kushuhudia hayo", na "hereinafter" ndiyo iliyotuzalia ile sentensi ndefu ya mikataba ya pango, "ambaye katika mkataba huu ataitwa Mpangaji".

Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama Tanzania, kazi ya kuzihamisha hati hizi imeongezeka, na ukitazama zilizoandikwa kwa Kiswahili utaona waandishi wameshika njia nzuri: "hivyo basi, mdai anaomba". Wapo wanaotishwa na lile neno la Kiingereza, wakalizungushia maneno sita. Hakuna haja. Ukikutana nalo mwishoni mwa hati, kwa herufi kubwa, usianze kutafuta mdai anaishi wapi. Makazi yake yako juu, aya ya kwanza, pamoja na sanduku la posta. Hapo chini anaomba tu alipwe.